Kristofa Mihayo, Mwenye Minazi Isiyo na Ardhi

"Mimi Kristofa Mihayo nimekata mkonge wa Mgiriki, nimekata mkonge wa serikali, na wote wawili wameondoka wameniacha nimesimama. Hiyo mahakama nayo ije. Itanikuta!"

Maneno hayo marehemu aliyasema tarehe 19 Agosti 1995, katika mkutano wa kijiji hapa Mwera, mbele ya mwenyekiti na katekista na watu waliomshangilia hadi kuku wa ofisi wakaruka ua. Wengi waliopiga makofi siku ile wapo hapa leo. Familia imeona ianze na maneno hayo kwa sababu kila mtu anayakumbuka. Kilichofuata wachache walikiona: alipofika nyumbani alimwomba mkewe maji, na kikombe kikamshinda kushika. Mama Bertha alikishika yeye, akamnywesha kama mgonjwa.

Marehemu alizaliwa mwaka 1936 huko Ndala, wilaya ya Nzega, akiwa mtoto wa tatu wa Mzee Mihayo Kapela na Mama Nyanzala. Siku yenyewe haijulikani. Mama yake alikuwa akisema ni wakati wa kupalilia karanga, na kwa kuwa karanga hupaliliwa zaidi ya mara moja, padre alikata shauri kwa kuandika siku aliyombatiza, 12 Februari. Marehemu aliitumia tarehe hiyo maisha yake yote na hakuwahi kuilalamikia.

Alisoma shule ya misheni hapo hapo Ndala kuanzia mwaka 1946 hadi 1950, akamaliza darasa la nne. Alitoka na mwandiko mzuri kuliko kitu kingine chochote alichokuwa nacho. Baadaye, katika kambi ya mkonge, wenzake wasiojua kuandika walimpa barua zao za nyumbani awaandikie, naye mwishoni mwa kila barua aliongeza salamu zake mwenyewe. Jambo hilo lilileta maneno pale mke wa mtu mmoja wa Sikonge alipojibu barua akauliza, "Na huyu Kristofa hajambo?"

Mwaka 1955 alikuja Tanga na kundi la manamba. Walivushwa mto Pangani kwa pantoni, na alipenda kusimulia kwamba alifumba macho tangu ng'ambo ile hadi hii, kwa vile hakuwa ameona maji mengi kiasi hicho yakienda mahali pamoja. Alikata mkonge miaka kumi na minne. Kipande chake, yaani kazi aliyopimiwa ya siku, alikimaliza kabla jua halijawa kali, kisha akawasaidia waliolewa jana yake. Miaka miwili baada ya mashamba kutaifishwa alihamishiwa korona, kwenye mashine za kukamua mkonge, na mwaka 1971 mashine mojawapo ikamla ncha ya kidole cha shahada cha mkono wa kushoto. Tangu hapo akikuonyesha njia kwa mkono huo, ilibidi ukisie mwenyewe ni kona ya ngapi.

Tarehe 6 Juni 1964 alifunga ndoa kanisani Muheza na Bertha, binti wa Mzee Mhina. Wabondei na Wanyamwezi ni watani, kwa hiyo posa ile ilikuwa vita. Mzee Mhina aliwaambia washenga mbele ya kadamnasi, "Mnyamwezi hana mahari, ana mabega tu. Aje anibebee machungwa yangu mpaka stesheni, hapo tutaongea." Washenga wakacheka. Marehemu hakucheka. Kesho yake alfajiri alikuwa ameshabisha hodi, akauliza, "Shikamoo mzee, gunia liko wapi?" Alibeba magunia yote, moja baada ya jingine, na Mzee Mhina akabaki mlangoni ameshika kiuno, anaona haya kumzuia na anaona haya kumwacha. Ndivyo marehemu alivyokuwa. Neno lililotamkwa na mkubwa, yeye alilichukua lilivyo.

Mwaka 1974 Mzee Uweso, mwenyeji wa hapa Mwera, alimpa marehemu eneo la kupanda minazi, upande wa pwani, ng'ambo ya mtaro wa barabara. Alimpa mbele ya wazee, ukachomwa ubani, ukaliwa wali. Maneno ya Mzee Uweso yalikuwa haya: "Ardhi ni yangu na wanangu. Mnazi utakaoupanda ni wako na wanao." Kwa wageni waliotoka mbali kuja kuzika nasi, tunaeleza kidogo. Pwani hii mti ni kitu na ardhi ni kitu kingine. Mtu anaweza kurithi minazi kumi na asirithi hata pa kuweka kigoda. Anaweza kuiuza, akaiweka rehani, akamwozea nayo binti, na mwenye ardhi asiseme kitu. Hapa Mwera mtoto hafundishwi jambo hilo, kama asivyofundishwa kwamba bahari ina chumvi.

Marehemu alipanda minazi themanini na moja. Ilianza kuzaa vizuri wakati ambapo nchi nzima ilikuwa haizai kitu. Ilikuwa miaka ya foleni: sukari ya kupimiwa, kitenge kimoja kwa nyumba nzima, watu wanaoga na maji matupu. Mwaka 1983 korona ikasimama kwa kukosa mikanda ya mashine, na mishahara ikasimama pamoja nayo. Wengi wa kambini waliondoka. Marehemu alibaki na nazi zake. Nazi zile zilibadilishwa kwa unga, kwa dawa ya malaria, na kwa sabuni iliyopitia Moa, kule mpakani, kwa njia ambazo familia haizijui na isingependa kuulizwa. Watoto wake Yudith, Robert na Queen wamesoma kwa nazi. Hata bati la nyumba mliyokaa kivulini mwake leo ni nazi.

Mzee Uweso alifariki mwaka 1991, na dunia wakati huo ilikuwa imeshafunguliwa. Kila kitu ruksa. Watu wenye magari mazuri walianza kupita wakiuliza ufuko huu ni wa nani. Mtoto wa Mzee Uweso, Bwana Idarusi, akapata mteja aliyetaka kujenga nyumba za wageni, na mteja alitaka ardhi tupu kama kiganja. Idarusi alimfuata marehemu kwa heshima, akamwambia, "Baba, nitakufidia, ing'olewe." Marehemu akamjibu, "Mwanangu, wewe ng'oa ardhi yako uiondoe, minazi uniachie." Hapo maelewano yakavunjika, Idarusi akatishia kwenda mahakamani, na mwezi wa kumi 1995 akafungua shauri katika mahakama ya wilaya, ng'ambo ya mto.

Tarehe 14 Machi 1996 hakimu alitoa zuio: mtu yeyote wa upande wowote, wala wakala wake, asiingie, asilime wala asijenge katika ardhi inayogombewa mpaka shauri liishe. Marehemu alikuwepo, amesimama, kofia mkononi. Aliulizwa kama ameelewa, akasema ameelewa. Aliinama hadi hakimu akamwambia inatosha.

Kweli alielewa, ila alielewa kwa akili ya Mwera. Zuio lilisema ardhi, na mnazi si ardhi. Wala hakuwa na uhakika; angekuwa nao, yaliyofuata yasingetokea vile yalivyotokea.

Mwezi wa saba nazi zilikuwa zimekauka juu, zinaanguka zenyewe, na wapita njia wanazibeba. Marehemu akamwita Shaame, mkwezi wake wa miaka mingi, Mpemba, ambaye pia yupo hapa leo. Wakaenda mchana kweupe, maana marehemu alisema mwizi ndiye anayeangua usiku. Walipofika mtaroni, yeye akabaki barabarani. Alijipanga miguu yote miwili kwenye changarawe ya serikali, akaanza kuamrisha kutoka hapo.

"Shaame! Usikanyage chini!"

"Ntapitaje?"

"Pitia juu kwa juu!"

"Kristofa, mie mkwezi, si kima. Mnazi na mnazi hapa lapita lori!"

Marehemu akafikiri. "Basi kanyaga mizizi. Mizizi ni yangu."

Shaame, mtu mzima mwenye wajukuu, akaenda anaruka kutoka shina hadi shina kama anayevuka tope. Watu wakajaa barabarani. Bi Semeni, aliyekuwa akitoka kisimani, akatua ndoo akauliza, "Mzee Kristofa, na kivuli je? Cha nani?"

"Kivuli hakina kesi, mama. Piteni, piteni."

Watu walicheka hadi wakakaa chini. Waliosimama karibu naye waliona shati lake limelowa mgongoni, na alikuwa akigeuka kila mara kutazama barabara ya kwenye pantoni. Nazi alizorusha Shaame zikafika barabarani alizikusanya. Zilizoanguka ng'ambo ya mtaro, juu ya udongo, alikataa kuziokota. Alisema hizo zimeshagusa, ziachwe. Akaziacha pale pale, chungu, kwa kuogopa amri. Na chungu hizo hizo ndizo zilizobebwa mahakamani kuwa kielelezo dhidi yake.

Wito ulimfikia tarehe 9 Septemba 1996. Aliletewa na tarishi kwa pikipiki. Ulimtaka afike aeleze kwa nini asipelekwe gerezani kwa kudharau amri ya mahakama. Marehemu aliusoma kwa sauti, akarudi kwenye neno moja, akamtazama mkewe.

"Kudharau? Mama Yudith, mimi?"

Kuanzia siku hiyo, yule wa "itanikuta" hakuonekana tena. Familia inalisema hili kwa mapenzi, kwa sababu wapo waliodhani marehemu amekuwa na kiburi, hasalimii, haji kwenye ngoma wala kwenye kahawa. Hakuwa na kiburi. Alikuwa anasikiliza. Pikipiki ikilia kwa mbali, kijiko kilibaki njiani kati ya sahani na mdomo mpaka ijulikane imepita au imekata kona. Kanisani alihama benchi la mbele alilokalia tangu kigango kijengwe, akakaa pembeni kwenye mlango wa ubavuni. Katekista alipomuuliza, alisema mbele kuna joto. Alifungasha mfuko wa gerezani: blanketi, kikombe cha bati, rozari, kipande cha sabuni. Mama Bertha aliufungua ili afue blanketi, marehemu akaufunga tena. Kila Queen alipokuja likizo aliulizwa swali moja, eti huko Tanga mjini amesikia wafungwa wazee wanalazwa chini au kitandani. Queen alimjibu kitandani. Hakuwa anajua.

Shauri hilo la dharau liliahirishwa mara nyingi. Kila mara marehemu alivuka pantoni na mfuko wake begani, na kila mara alirudi nao. Mtu anaweza kusema, si afadhali amerudi? Lakini Mama Bertha anasema kwamba kila aliporudi, alirudi nusu yake.

Lilisikilizwa hatimaye tarehe 17 Aprili 1997. Hakimu alikuwa kijana, mtu wa bara, mpole wa sauti.

"Mzee Mihayo, amri niliisoma mimi mwenyewe. Nilisema asiingie mtu. Uliingia?"

"Sikuingia, mheshimiwa. Nilisimama barabarani."

"Aliingia nani?"

Shaame, kutoka benchi la nyuma, hakungoja kuitwa. "Mie, bwana hakimu. Lakini kanambia nisikanyage chini, na sikukanyaga ila pale paliponishinda."

Mahakama ikacheka, hata askari. Hakimu akagonga meza. "Mzee, huo mnazi umesimama juu ya nini?"

"Juu ya ardhi ya marehemu Uweso. Mnazi ni wangu."

Hakimu akamgeukia Idarusi. "Ni kweli kwenu huku mti na ardhi ni vitu viwili?"

Idarusi angeweza kusema uongo, hakusema, na familia inamshukuru kwa hili. Akasema, "Ni kweli, mheshimiwa. Lakini amri yako haikutenga."

"Haikutenga," hakimu akakubali, kisha akarudi kwa marehemu. "Mzee, umemtuma mtu afanye nilichokataza. Naweza kukupeleka gerezani leo hii. Kwa nini uliidharau amri yangu?"

Robert alikuwa amekaa karibu, na anasema baba yake aliokota mfuko wake chini, akauvaa begani.

"Sikuidharau, mheshimiwa," marehemu akasema. "Niliiogopa. Ningeidharau ningeingia."

Safari hii hakuna aliyecheka. Hakimu aliandika kwa muda mrefu, kisha akasema uamuzi atautoa tarehe 22 Mei. Akamwachia arudi nyumbani mpaka siku hiyo.

Nyumbani alirudi, ila hakukaa. Alizunguka ua, akajibu asichoulizwa. Muuguzi wa zahanati alimpima presha, akapima tena kwa kudhani kifaa kimeharibika, akampa vidonge na kumkataza mawazo. Vidonge alimeza.

Tarehe 3 Mei, Jumamosi, baada ya saa nne asubuhi, gari lilikata kona likaingia uani. Lilikuwa gari la watu wa chanjo, walikuwa wamepotea njia. Mama Bertha aliwaelekeza, wakashukuru, wakaondoka. Akaita, "Baba Yudith, toka, ni watu wa chanjo!" Akaita tena. Alimkuta nyuma ya jiko, amekaa juu ya kinu kilichopinduliwa, mfuko ameupakata mapajani, viatu amevaa, mdomo umekwenda upande. Mkono wa kulia haukufunguka tena.

Tulimvusha pantoni akiwa amelala, akalazwa hospitali. Kwa siku alizobaki hakusema neno la kueleweka, lakini alisikia. Mlango wa wodi ukifunguliwa, jicho lake zima lilikwenda mlangoni. Yudith alikuwa akimwambia, "Ni nesi, baba. Ni nesi tu." Alifariki tarehe 9 Mei 1997, Ijumaa, saa tisa alasiri, Yudith amemshika mkono.

Sasa kuna watu wanauliza, na wanauliza kwa haki, kwa nini tumemleta hapa makaburi ya kigango, wakati marehemu alionyesha kwa mkono wake mahali anapotaka kulala, kati ya minazi yake. Jana asubuhi Robert alichukua jembe akaenda. Alifika mtaroni. Mama Bertha alimfuata na khanga moja tu begani, akamwambia, "Ukipiga jembe hapo, kesho watakuita wewe."

Robert akasimama, jembe liko juu ya bega. Idarusi alikuwa amekuja kutoa pole, akasikia, akasogea. "Mama, mzikeni kwake. Mie sisemi kitu."

"Wewe husemi, baba," Mama Bertha akamjibu. "Amri je?"

Idarusi ndiye aliyeifungulia mlango amri ile, lakini si yeye anayeweza kuufunga. Kufikia Jumatatu mahakama ifunguliwe aiombe ruhusa, mwili usingengoja. Robert akashusha jembe akageuka, na kaburi likachimbwa hapa. Idarusi na Shaame wamechimba pamoja naye.

Kwa watakaotaka kujua: karani wa mahakama ametueleza kwamba shauri la kudharau amri limekufa na marehemu, maana maiti hafungwi. Uamuzi wa tarehe 22 hautasomwa, na hatutajua kamwe hakimu aliandika nini. Lakini shauri la ardhi lipo hai, na zuio lipo hai. Asipotokea mtu kusimama mahali pa marehemu, litasikilizwa upande mmoja, na minazi itakwenda. Akitokea, jina litakaloandikwa kwenye kila wito ni lake. Robert ana watoto wadogo, amesema hawezi. Queen amelia. Yudith, jana jioni akiosha vyombo vya waombolezaji, alisema bila kugeuka, "Andikeni mimi." Mama yake akamuuliza kama haogopi. Akasema anaogopa.

Marehemu ameacha mjane, Mama Bertha; watoto watatu, Yudith, Robert na Queen; wajukuu saba; dada mmoja Ndala, ambaye simu ya upepo ya misheni imemfikia lakini basi halijamfikisha; na minazi sabini na sita, kwani mitano ilikwenda na upepo.

Mungu amlaze mahali ambapo mlango ukifunguliwa hakuna haja ya kuutazama.

Kesho asubuhi Yudith atavuka pantoni kwenda mahakamani kuomba usimamizi wa mirathi, ili asimame mahali pa baba yake katika shauri. Ada ya kufungua ombi hilo ni shilingi elfu nne na mia tano.